Ulikuwa Umesimama Wapi

Mabatini, Mwanza
8 Agosti 1976

Ndugu Mwalimu Dorotea,

Leo sikuulizi hali kwanza, utanisamehe, nina habari isiyoweza kusubiri. Sinema yetu ya Kisesa imefika. Imekuja na treni kutoka Dar es Salaam, mkanda mmoja wa dakika kumi na mbili ndani ya kopo la bati. Miaka miwili tangu ipigwe, mimi nilishaikatia tamaa, nikajua imepotelea kwenye makabati ya watu.

Jana niliijaribu hapa chumbani, nimetundika shuka langu ukutani. Baba yako anaingia uwanjani na watu wake wa ngoma, majembe juu, vumbi tupu, na nyuma yao kaya yenu ya zamani inaonekana nzima: nyumba, ghala la mtama, ua wa minyaa, hata moshi wa jikoni. Na sauti yake, Dorotea. Sauti ya Mzee Malimi inatoka safi utadhani amekaa kitandani kwangu. Kisukuma changu unakijua, kinaishia kwenye salamu, kwa hiyo sikuelewa hata neno moja. Lakini ni mimi niliyeinasa kwa mkono wangu, na najivunia. Niliisikiliza mara tatu, mara ya tatu jirani akagonga ukuta.

Na wewe umo. Mwishoni kabisa, kwa mbali, kwenye kona, kabla picha haijakatika. Asiyekujua hawezi kukuona. Mimi pia nimo, hedifoni masikioni, nimekunja uso kama mtu anayeumwa jino. Ni sekunde tatu hivi. Ndiyo picha pekee tuliyopigwa pamoja, na aliyeipiga hakujua.

Jumamosi ya tarehe 21 nitaipeleka Kisesa na gari la sinema. Nimeshapanga: mzee aione kwanza kazi yangu, ajue kwamba huyu Mhaya anayekuandikia barua siyo mhuni wa mjini. Halafu Desemba baba yangu mdogo Lwakatare avuke ziwa aje kuwa mshenga wangu, kama tulivyokubaliana. Sinema ndiyo itakayonitangulia kupiga hodi.

Sasa zamu yako. Wewe unakaa kwetu na mimi nakaa kwenu, na uliniahidi kila barua iwe na sauti moja ya huko nyumbani. Leo ni ipi?

Wako,
Kaijage


Kashozi, Bukoba
15 Agosti 1976

Ndugu Bwana Sinema,

Mimi ni mzima, hata kama hukuuliza.

Sauti ya leo ni mvua. Kwetu Usukumani mvua ikija inakuja na fujo zake, mabati yanapigwa, watoto wanakimbia, mbuzi wanalia. Kwenu huku haigongi kitu. Unaanza kuisikia mbali, kwenye migomba ya watu usiowajua, halafu shamba hili linaipokea, na lile linaipokea, mpaka inafika mlangoni na wewe umeshakaa unaingoja. Nilikuwa darasani. Nikawaambia watoto wanyamaze nikusikilizie vizuri. Walinyamaza, wakidhani ni somo la maarifa.

Mama yako, Ma Bernadetta, alikuja jioni na mkungu wa ndizi ambao hata wanaume wawili hawaumalizi. Akaniuliza kama ni kweli kwetu tunakula viazi vilivyokaushwa juani. Nikampa michembe aliyonitumia kaka yangu Josephat. Alitafuna kipande kimoja muda mrefu, kwa adabu sana. Hajaomba kingine.

Kuhusu sinema, nina furaha na nina hofu, na hofu ndiyo kubwa. Kaya inaonekana nzima kweli? Kaijage, baba hajawahi kuitaja kaya ile tangu tuhamie kijiji kipya cha barabarani. Ilipotangazwa kwamba kila mtu ahame, aliivunja nyumba mwenyewe, kwa mikono yake, ili asivunjiwe na watu wengine. Mimi nilikuwa chuoni. Niliporudi likizo nikakuta ameshajenga kwenye kiwanja alichopewa, chumba changu kipo, na kitanda kipo. Mama alibaki kule. Tulimzika ndani ya ua wa minyaa miaka minne kabla, na sidhani kama baba amewahi kurudi hata kung'oa majani.

Basi umwonyeshe taratibu. Sijui sinema inaonyeshwaje taratibu, lakini wewe ni fundi, utajua.

Na lingine. Unasema nimo mwishoni. Nimo nimesimama wapi? Usicheke, nijibu.

Wako,
Dorotea


Mabatini, Mwanza
24 Agosti 1976

Mpenzi Dorotea,

Nimeonyesha. Watu walikuwa wengi, wengine walipanda juu ya paa la ofisi ya kijiji. Jenereta halikusumbua. Tulianza na filamu ya kuchemsha maji, halafu ya viuadudu vya pamba, halafu yetu.

Mzee alitazama kiasi, kisha akaenda kupumzika. Nadhani alichoka, alikuwa ametoka shambani.

Asante kwa mvua. Nimeisoma barua yako ndani ya gari, njiani kurudi kutoka Magu, na dereva akaniuliza nina nini. Nikamwambia vumbi.

Nitakuandikia zaidi nikitulia. Wiki hii tuna safari ya Ukerewe.

Kaijage


Kashozi, Bukoba
2 Septemba 1976

Kaijage,

Barua yako ilikuwa na mistari michache, nikajua kuna kitu. Leo nimepata barua ya Josephat na yenyewe ina kurasa nne.

Anasema baba alifumbua mdomo kwenye kile kitambaa cha sinema na sauti ya Nkwabi ikatoka. Anasema uwanja mzima ulipasuka kwa kicheko. Anasema baba alisimama, akatembea hatua kadhaa kuelekea kwenye picha, akasimama hapo kivuli chake kikiwa juu ya kitambaa, halafu akageuka akaenda nyumbani. Asubuhi alisema neno moja tu: "Nataka kumwona mtu aliyeuweka wimbo ule pale."

Wewe unaniambia alichoka.

Umekaa Mwanza miaka mitano, lakini sidhani kama unaelewa ukubwa wa jambo hili. Ngoma zetu ni vyama viwili, Bagika na Bagalu. Mtu anazaliwa humo. Baba ni kiongozi wa Bagika pale kwetu, Nkwabi ni wa Bagalu, na wameshindana tangu wana meno ya utoto. Baada ya mavuno wanacheza uwanja mmoja, saa ileile, huyu huku na yule kule, na hakuna mwamuzi mwenye kalamu. Watu ndio wanaoamua kwa miguu yao. Mwisho wa siku wanatazama upande upi una watu wengi. Mwaka ule mliokuja kupiga picha, baba alishindwa. Alishindwa kwa watu wachache sana, na siku tatu hakula vizuri. Miezi miwili baadaye akavunja nyumba.

Sasa mmechukua picha yake ya siku hiyohiyo, mkamtilia mdomoni sauti ya aliyemshinda, mkamwonyesha mbele ya kijiji kizima. Nataka kujua ni nani aliyefanya hivyo. Kama ni wale wa Dar wasiojua Kisukuma, niambie jina nimwandikie. Nina mwandiko mzuri na hasira za kutosha.

Josephat hajasema ni wimbo gani. Muulize ukimwona.

Dorotea


Mabatini, Mwanza
11 Septemba 1976

Dorotea mpenzi,

Usimwandikie mtu Dar. Mtu mwenyewe unaandikiana naye sasa hivi.

Nitakueleza namna kazi yetu ilivyo. Kamera inachukua picha, haichukui sauti. Sauti inachukuliwa pembeni na mtu mwingine mwenye mashine ya tepu, na Dar ndiko vinakounganishwa. Siku ile mwenye mashine nilikuwa mimi. Bosi alinielekeza nikae na Mzee Malimi mwanzo hadi mwisho. Sikukaa. Nilijikuta upande wa pili, kwa Nkwabi, na nikanasa wimbo wake wote. Niliporudi mzee alikuwa ameshamaliza, anakunywa maji. Bosi akaniuliza, "Umepata?" Nikasema nimepata. Kwenye boksi la tepu nikaandika: Kisesa, kundi la Malimi. Nilikuwa mgeni kazini, niliogopa kufukuzwa, na kwa masikio yangu ya wakati ule nyimbo zenu zote zilikuwa moja.

Unaweza usiniamini, lakini nilikuwa nimesahau kabisa. Miaka miwili nimejiambia nilimnasa mzee mpaka nikaamini. Ndiyo maana nilikuandikia zile sifa. Nilikumbuka watu walipoanza kucheka, nikiwa nimeshika mashine, na sikuweza kufanya kitu.

Nilikufichia kwa sababu ya Desemba. Baba yangu mdogo Lwakatare ameshashona koti. Nilitaka kwanza nitafute njia, na njia sijaiona.

Kwa nini nilikwenda upande wa Nkwabi? Nilifuata watu. Kulikuwa na watu wengi kule, basi na mimi nikafuata. Hivyo ndivyo nitakavyomwambia baba yako, na nitakwenda mwenyewe, mwisho wa mwezi, nikapige magoti. Mhaya anajua nini kuhusu Bagika na Bagalu. Nitajifanya mjinga, na sehemu kubwa haitakuwa kujifanya.

Josephat anasema ni wimbo wa kufukuza ndege kwenye mtama.

Nisamehe. Ukiniandikia na hasira zako zote nitazisoma, bora uandike.

Kaijage


Kashozi, Bukoba
20 Septemba 1976

Kaijage wangu,

Hukufuata watu. Ulinifuata mimi.

Asubuhi ile niliwaletea maji ya kunywa na wewe ukamwaga kikombe chako kwenye kiatu kwa kunitazama. Mchana kila nilipogeuka niliona ile fimbo yako ya kunasia sauti. Nilikuwa upande wa Nkwabi, na wewe ulikuwa hatua tano nyuma yangu. Ndiyo maana nilikuuliza nimo nimesimama wapi. Unajua, na hukunijibu, na sasa unataka kwenda kupiga magoti kwa baba bila kunitaja. Nimelia kidogo kwa hilo. Halafu nikakumbuka kile kikombe, nikacheka peke yangu, na watoto wa jirani wakachungulia dirishani.

Sasa nikuambie ambalo sijamwambia mtu.

Mama yangu, Suzana, alizaliwa kwa Bagalu. Alipoolewa na baba aliacha ngoma yao, ndiyo desturi, lakini kuna wimbo mmoja hakuuacha. Ulikuwa wa kufukuza ndege. Mtama ukikaribia kukomaa tulikaa juu ya dungu, kichanja cha kulindia shamba, mimi na yeye, kutwa nzima na makopo ya kupiga kelele, na yeye anauimba. Baba akipita anamtania, anamwambia anawafundisha ndege Ugalu, ndiyo maana wanarudi. Mama anaimba kwa nguvu zaidi. Mpaka leo nikisikia kopo likigongwa nasikia njaa, kwa sababu saa ile ndiyo tulikuwa tunakula karanga.

Alipofariki hakuna aliyeuimba tena kwetu. Baba hakukataza. Hakuna tu aliyethubutu.

Siku ya ngoma nilikuwa upande wa baba, mstari wa mbele, nimevaa gauni la maua alilonishonea mama mwaka wake wa mwisho. Nkwabi akauanza wimbo ule. Sikuwaza Bagika wala Bagalu. Miguu ilikwenda yenyewe. Nilivuka uwanja mzima nikampa baba mgongo, nikasimama pale nikisikiliza kama mtoto aliyeitwa kula. Walipotazama upande wenye watu wengi, bado nilikuwa kule. Watu wachache sana, Kaijage, na mmojawapo ni mimi.

Hajui. Naomba usimwambie. Ukisema ulikuwa wapi atauliza ulifuata nini, na wewe uongo huuwezi. Mwache adhani ni ujinga wako. Najua nakuomba kitu kikubwa, maana anaweza kukunyima mimi kwa kosa ambalo nusu yake ni langu.

Sauti ya leo: Ma Bernadetta anaponda karanga na anaimba kitu cha kanisani, anakosea maneno palepale kila mara. Nimemuuliza, anasema wewe ulikuwa unakosea palepale ukiwa mdogo.

Dorotea


Mabatini, Mwanza
5 Oktoba 1976

Dorotea,

Nimekwenda. Nakuandikia yote, safari hii sitapunguza.

Nilifika saa nne asubuhi na gari la sinema, mkanda ukiwa ndani, na sukari kilo mbili. Mzee alikuwa darasani, kwenye kisomo cha watu wazima, mbele kabisa, ameshika kalamu kama mpini wa jembe. Nilingoja. Alipotoka nikamwamkia kwa Kisukuma nilichofundishwa na Josephat njiani. Akaitikia vizuri, akanikalisha, nikapewa uji wa mtama. Nikamwambia, "Baba, aliyeuweka wimbo ule ni mimi. Nilipotea uwanjani nikanasa usio wako."

Nikaona bora nimpe na dawa, nikamwambia Dar wameshapata habari za kosa lile, na wameagiza mkanda urudi mwisho wa Novemba, wafute wimbo wa Nkwabi na kuweka muziki wa bendi. Nilidhani atafurahi. Alishtuka. Akasema, "Ninao mpaka lini?" Nikasema mwisho wa Novemba. Akasema, "Basi nionyeshe tena. Leo."

Mchana, Dorotea. Tuliziba madirisha ya darasa kwa magunia. Alikaa peke yake kwenye dawati, karibu na kitambaa kuliko inavyotakiwa. Josephat na mimi tulikaa nyuma na mashine. Dakika kumi na mbili hakugeuka. Ilipokaribia ile kona nilitaka kuzima, nikaweka mkono kwenye swichi. Sikuweza. Sekunde zile tatu ni zangu pia.

Taa ilipowaka aliendelea kutazama kitambaa kitupu. Halafu akaniuliza bila kugeuka, "Ulikuwa umesimama wapi?"

Nikamwambia, "Sikumbuki, baba."

"Hukumbuki."

"Sikumbuki."

Akasimama, akafuta vumbi la chaki kwenye suruali yake. Akasema, "Basi nenda. Ukikumbuka, urudi."

Sukari aliipokea, lakini hilo halinipi matumaini, adabu yake ni hiyohiyo kwa kila mtu. Nimemwandikia baba mdogo Lwakatare kwamba asubiri kwanza. Sikumweleza sababu. Nakupenda, na sijui sasa nishike wapi. Nikikumbuka nitakupoteza wewe, nisipokumbuka nitakukosa vilevile.

Huku mvua bado. Nimesoma tena ile ya kwenu ya Agosti.

Kaijage


Kashozi, Bukoba
14 Oktoba 1976

Baba,

Shikamoo.

Naandika kwa herufi kubwa na kwa nafasi ili usome mwenyewe. Usimpe Josephat akusomee.

Kijana Kaijage anakumbuka alikuwa wapi. Mimi ndiye nilimwomba asiseme. Alikuwa upande wa Nkwabi kwa sababu mimi nilikuwa upande wa Nkwabi. Nilikuacha, baba. Nilivuka uwanja siku uliyoshindwa, na nilikuwa nimevaa gauni la mama. Kosa la sauti ni lake. Kosa la kuvuka ni langu, yeye alinifuata tu.

Nilivuka kwa ajili ya wimbo. Unajua ni wimbo gani. Sikuwa na hamu ya Bagalu. Nilikuwa na hamu ya dungu na karanga na mama.

Nimeficha miaka miwili na miezi mitatu. Kama una hasira, unikasirikie mimi. Yeye ni mtu mwema, na mama yake ananilisha kila siku kama mtoto aliyemzaa.

Mwanao,
Dorotea


Kisesa
21 Novemba 1976

Mwanangu Dorotea,

Marahaba. Barua yako nimeisoma mwenyewe. Josephat hakuigusa. Nilisoma mistari miwili mitatu kila siku. Nilipokwama nilimuuliza mwalimu wa kisomo neno moja, mengine nimeyafunika kwa kiganja. Na hii nimeandika mwenyewe. Nina siku tisa naiandika.

Najibu. Nilikuwa najua. Siku yenyewe ya ngoma sikukuona, vumbi lilikuwa jingi. Lakini kijana aliponionyesha sinema mara ya pili nilitazama mpaka mwisho, nikakuona kwenye kona. Nilikutambua kwa mgongo. Mgongo ule ni wa mama yako.

Watu wanasema nilitoka kwa hasira ya Nkwabi. Josephat amekuandikia hivyo kwa sababu nilimwacha adhani hivyo. Nkwabi amenishinda na mimi nimemshinda, hiyo ni ngoma, mwakani ipo tena. Siku ile ya sinema nilikuwa nimekaa, nikaona nyumba yangu imesimama. Nikaona moshi jikoni. Halafu nikasikia wimbo wa Suzana unatoka kule kwenye moshi. Nikanyanyuka nimfuate. Nilitembea kweli, Dorotea. Nikakuta nimefika kwenye kitambaa na watu wote wananitazama. Nikaona aibu, nikaenda kulala.

Niliposema nataka kumwona aliyeuweka wimbo ule pale, nilikuwa nataka kumwona. Hakuna aliyeniuliza nataka kumfanyia nini.

Akaja, na sukari. Nikamuuliza alikuwa amesimama wapi. Nilikuwa nimeshamwona, yuko nyuma yako, hatazami ngoma yangu wala ya Nkwabi. Akaniambia hakumbuki, na jasho linamtoka mpaka kwenye pua. Angeweza kukutaja akapona yeye. Kama angekutaja ningemfukuza na sukari yake. Nilimwambia akikumbuka arudi kwa sababu machozi yalikuwa karibu, na yeye ni mgeni.

Wewe kuvuka, nilikasirika kidogo. Nimeshamaliza. Kama miguu yangu isingekuwa kwenye ngoma na mimi ningevuka.

Mama yako hakupigwa picha hata siku moja. Tulikuwa tunasema tutakwenda mjini, Mirongo, kwa mpiga picha pamba ikiuzwa, na pamba ikiuzwa kulikuwa na jambo jingine. Sura yake nimeanza kuitafuta kichwani na wakati mwingine siipati haraka. Sasa nyumba yake iko mle ndani na wimbo wake uko mle ndani. Ni kwa kosa, lakini viko pamoja. Wakiweka bendi nitabaki na nyumba tupu.

Nimemwomba mwenyekiti wa kijiji aandike Dar kwamba wimbo usiguswe. Chini nimetia sahihi yangu, siyo dole gumba. Nkwabi naye ametia. Alicheka mpaka akakaa chini, anasema hatimaye nchi nzima itasikia Malimi akiimba vizuri. Jana wamejibu kwamba mkanda huu ubaki Mwanza ulivyo.

Juzi nilikwenda kule kwa zamani. Minyaa imepanda sana, imefunga ua wote, ng'ombe hawajaingia. Nimeng'oa majani kwa mama yako.

Mwambie Kaijage mshenga wake aje Desemba, asiogope, nitamsumbua kidogo tu kama inavyotakiwa. Na yeye mwenyewe aje na ile mashine ya sauti. Nataka kuuimba wimbo wangu wa mwaka ule, palepale ndani ya minyaa, Suzana ausikie na yeye, maana nilipoutunga alikuwa ameshaondoka. Na wewe uje.

Safari hii nitamwonyesha mwenyewe mahali pa kusimama.

Baba yako,
Malimi